Dresa Aliyekataa Makambako

Siku hizi nalitaja jina lake nikipenda, hata barabarani, hata nikiwa nimekasirika: Nahumu. Zamani sikuweza. Kwetu mama mkwe halitaji jina la mume wa bintiye, hamtazami usoni, hampi mkono, na wakikutana njiani mmoja huingia majanini mpaka mwenzake apite. Miaka yote ile nilimwita Baba Manase, kwa jina la mjukuu wangu, na alipokuja kwangu Makambako nilimsikia tu akikohoa uani. Kikohozi chake nilikijua, sura yake sikuijua. Kwa hiyo mtu asiniambie eti nilimchukia. Utamchukiaje mtu unayemjua kikohozi tu?

Mimi ni Yunisi, mjane, muuza chai na viazi vya kuchemsha pale njia panda ya Makambako, mahali barabara ya Songea inapoiacha ile ya Mbeya. Madereva wote wananijua, na wenye madeni wananijua zaidi. Nilizaa mara moja tu, nikampata Ema. Baba yake alipofariki tulibaki wawili, na Ema alipoolewa nikabaki mmoja. Mumewe alikuwa dresa, yaani mfunga vidonda na mchoma sindano, wa dispensari ya Serikali ya Wenyeji kule Njombe, wakakaa mtaa wa Ramadhani, wakamzaa Manase, wakamzaa Priska, wote maili karibu arobaini kutoka jikoni kwangu. Mimi nikawa napika chungu cha mtu mmoja. Aliyewahi kupika chungu cha mtu mmoja anajua ninasema nini.

Basi mwaka ule Malkia wa Waingereza alipovishwa taji, Serikali ya Wenyeji ilimaliza kujenga dispensari mpya Makambako. Matofali ya kuchoma, bati linalong'aa, benchi la wagonjwa barazani, kila kitu isipokuwa dresa. Wagonjwa walikuja wakakaa kwenye benchi, wakalisifu, wakarudi nyumbani na magonjwa yao. Mpaka siku moja Enoki, dereva wa lori la mfanyabiashara mmoja wa Njombe, akasimamisha gari mbele ya hoteli yangu akaniambia ofisi imemhamisha Baba Manase, anakuja Makambako yeye na nyumba yake yote. Nilimpa Enoki chai ya bure, na mimi si mtu wa kutoa chai ya bure. Jioni ile ile nilianza kukandika upya ukuta wa chumba cha pili. Nilinunua mkeka. Nilitoa chungu kikubwa darini, nikakisugua mpaka mikono ikaniuma.

Safari iliyofuata Enoki alikuja na habari nyingine, na safari hii alilipia chai yake. Baba Manase amekataa kuhama. Tena si kukataa kwa kununa. Amekwenda barazani, kwenye mahakama ya wenyeji, kuishitaki Serikali ya Wenyeji iliyomwajiri.

Jambo hilo lilikuwa halijaonekana. Mtumishi akihamishwa hulalamika kwa mkewe, hulalamika kwa jirani, kisha hufunga mizigo akaondoka. Huyu alitaka amri ya uhamisho ifutwe na mahakama. Sababu zake za moyoni kila mtu alizijua: nyumba yake ya Ramadhani ilikuwa imeezekwa bati juzi juzi, bustani yake ya viazi ilikuwa imekubali, na kwaya ya kanisani yeye ndiye aliyekuwa akiiongoza. Lakini huwezi kwenda mbele ya hakimu na bustani ya viazi. Kwa hiyo alikwenda na mimi.

Ndiyo, mimi. Alisema Makambako ni ukweni kwake. Alisema kazi ya dresa ni kuwashika watu miili, kuwafunua na kuwachoma sindano, na kwamba mkwe wake akiugua atakuwa amebanwa pande zote: akimtibu amevunja mwiko, asipomtibu amevunja sheria ya kazi. Na kwa kuwa mahakama ya wenyeji imewekwa ilinde desturi za wenyeji, basi amri ya kumpeleka mtu akavunje desturi ni batili. Enoki alinieleza yote hayo huku akicheka mpaka chai ikamwagika. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimesugua chungu, nimekandika ukuta, nimenunua mkeka, halafu naambiwa kizuizi cha wajukuu wangu kuja kwangu ni mimi mwenyewe. Haki ya Mungu, nilikasirika mpaka nikaunguza viazi.

Sasa nieleze jambo ambalo nilikuwa simwelezi mtu. Wakati wa kuvuna mahindi gogo la kuni lilikuwa limeniangukia mguuni, juu kidogo ya kifundo, likanichuna. Nilidhani ni kitu cha kupona chenyewe. Niliweka majani, nikaweka maji ya chumvi, nikaweka jivu, na kidonda kikazidi kula nyama. Kwenda kwa miguu hospitali ya mbali sikuweza. Njombe ningeweza kupanda lori, lakini Njombe dresa ni nani? Ndiye huyo huyo ninayemkwepa majanini. Basi nilivaa magauni marefu na kujikaza. Najua mficha maradhi kifo humuumbua, nimewaambia wengine methali hiyo mara nyingi tu. Lakini baada ya habari za shauri nilikuwa na sababu kubwa zaidi ya kuficha. Kile kidonda kilikuwa shahidi wa upande wake. Baraza likisikia tu kwamba mama mkwe wa Makambako tayari anaumwa, tena mguuni, tena chini ya gauni, lingesema dresa ana haki, na uhamisho ungefutwa siku hiyo hiyo. Nami ningerudi kwenye chungu changu kidogo.

Haikupita muda, tarishi akaja kutoka kwa Bwana Silvesta, katibu wa Serikali ya Wenyeji, aliyekuwa akiitetea ofisi. Bwana Silvesta aliomba niende Njombe nikaseme mbele ya hakimu kwamba mimi ni mzima na sina pingamizi mkwe wangu akihamia Makambako. Tarishi alikuwa hajamaliza kusema, nami nilikwisha kubali.

Nilisafiri nimekaa mbele pamoja na Enoki, lori limejaa chumvi na mabati, mguu nimeufunga kitambaa safi nikakikaza sana. Njia nzima nilitunga hotuba. Nilianza na Mungu, nikaja kwa marehemu mume wangu, nikaja kwa Ema, na mwisho nikaja kwenye jembe. Maana mwiko huu wa wakwe una ufunguo wake. Mkwe akishapata mtoto na kusimamisha nyumba, hununua jembe jipya akampa mshenga wake alipeleke kwa mama mkwe. Mama akilipokea, basi, mlango umefunguliwa: wanasalimiana, wanatajana majina, wanakula nyumba moja. Baba Manase alikuwa na watoto wawili na nyumba ya bati, na jembe sijaliona. Mimi siwezi kuliomba, aibu. Ema hawezi kuliulizia, maana binti akiulizia jembe ni kama anataka kutolewa mahari mara ya pili. Kwa hiyo hotuba yangu niliifunga hivi: mwambieni alete jembe, si kuleta kesi. Niliirudia mara nyingi kwa sauti. Enoki alisema hata wakili wa Dar es Salaam hawezi kusema hivyo, akanipigia honi.

Njombe tuliikuta kwenye ukungu, na baraza limejaa mpaka nje. Walimu walikuwepo, na akina mama wa sokoni walioacha kabichi zao bila mtu. Hakimu alikuwa Mzee Abrahamu, mzee wa kanisa, amevaa koti zito lililofungwa mpaka shingoni, mtu asiyependa haraka. Mimi niliambiwa nikae nje mlangoni mpaka niitwe, na pale nilisikia kila neno.

Bwana Silvesta alisema vizuri, lazima nikiri. Alisema mtumishi wa umma hachagui kituo, kituo humchagua yeye, na kwamba kila mtu Njombe ana mkwe mahali fulani, sasa ofisi ikianza kuhesabu wakwe hakuna atakayehamishwa tena mpaka kiama. Watu walicheka. Kisha akasema mkwe mwenyewe yuko nje, ni mzima, na atasema hana neno. Hapo nikavuta gauni chini kidogo.

Ndipo ugomvi ukaanza juu ya namna ya kuniingiza. Karani alisema desturi hairuhusu mkwe na mkwe kukaa chumba kimoja wakitazamana, kwa hiyo mdai atoke. Baba Manase akajibu, kwa heshima, kwamba sheria inampa haki ya kusikia ushahidi unaotolewa juu yake. Wazee wakabishana. Mimi niko nje, mguu unapwita, baridi inanitafuna, watu wazima wanabishana kuhusu mlango. Mwisho Mzee Abrahamu aligonga meza akaamua: mdai atabaki, maana sheria inataka asikie, lakini atainamisha macho atazame sakafu, maana desturi inataka asione. Baraza zima likanung'unika kwa kuridhika. Nami niliridhika. Nilisema moyoni, huyu ndiye hakimu.

Nikaingia nimejifunika kanga kichwani. Niliuambia mguu usithubutu kuchechemea, na mguu ukanitii mpaka katikati ya chumba. Mahali pa shahidi palikuwa pameinuliwa kidogo, kama ngazi moja tu, na ili kufika pale ilinibidi kupita mbele ya benchi la mdai. Nilinyanyua gauni kidogo nipande. Kidogo tu, kama mwanamke yeyote apandapo ngazi. Watu wote mle ndani walikuwa wananitazama usoni. Mtu mmoja tu alikuwa anatazama sakafu.

Karani aliniuliza kama namjua mdai. Nilijibu namjua kikohozi. Watu wakacheka, karani akakasirika, akataka nitaje jina la mdai. Nikasema Baba Manase. Akasema hilo si jina. Nikamwambia amuulize mama mkwe wake yeye anamwitaje. Mzee Abrahamu akamwamuru aandike Baba Manase na kazi iendelee. Nilivuta pumzi, nikamweka Mungu mdomoni tayari nianze hotuba, na hapo nikasikia kile kikohozi.

Alikuwa amesimama, macho bado chini kama alivyoamriwa. Aliomba ruhusa kusema jambo juu ya shahidi. Hakimu akamruhusu.

"Shahidi ana kidonda mguuni," alisema. "Kitambaa kimelowa. Si kidonda cha jana."

Nikavuta gauni chini, lakini nilikuwa nimechelewa. Akina mama wakashika vinywa. Bwana Silvesta aliweka kalamu yake mezani taratibu, kama mtu anayejua kwamba shauri lake limemfia mkononi. Na Mzee Abrahamu, ambaye hakupendelea mtu, alitingisha kichwa akasema basi hoja ya mdai imethibitika mbele ya macho ya wote: mkwe ni mgonjwa, na mdai hawezi kumgusa. Nikaona chumba changu nilichokandika, na mkeka wangu, na wajukuu wangu wanabaki Ramadhani. Machozi yalinitoka, sikuona aibu kuyafuta.

"Hata mimi nilidhani hivyo, Bwana Hakimu," Baba Manase akasema. "Nilikuja hapa kusema mkwe wangu akiugua sitaweza kumtibu. Sasa ameugua, na mimi nimesimama hapa nawaza kitu kimoja tu, kama chumba cha dawa kimeachwa wazi au kimefungwa. Naliondoa shauri langu. Nitakwenda Makambako."

Bwana Silvesta alimtazama hakimu, hakimu akamtazama karani, karani hakujua aandike nini. Kisha Mzee Abrahamu akasema shauri limeondolewa na kwamba shahidi anaweza kushuka.

Nishuke? Nilimwambia sijasema hata neno moja. Nimetoka Makambako ndani ya lori la chumvi, nina hotuba nzima kuanzia Mungu mpaka jembe, na sasa naambiwa nishuke? Mzee Abrahamu alinijibu kwa upole kwamba shauri likishakwisha hakuna pa kuliweka neno la shahidi. Nikasema basi ataliweka popote apendapo, lakini nitasema moja. Nikauliza, jembe liko wapi.

Baba Manase hakunijibu mimi, maana bado hakuweza. Alimjibu hakimu, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyebeba kitu muda mrefu. Alisema jembe alilinunua Manase alipozaliwa. Liko darini kwake, limefungwa gunia. Lakini yeye ni Mkinga wa Makete, na wazee wa ukoo wake walimfundisha kwamba jembe halipelekwi mpaka mama mkwe atume neno kwamba yu tayari kulipokea. Kulipeleka bila kuitwa ni kumlazimisha mama wa watu. Alingoja neno. Neno halikuja. Akaona kwamba mama mkwe hamtaki, na kwamba akihamia Makambako atakuwa anaishi miaka yote pembeni ya mlango uliofungwa. Alisema bati na viazi ni kweli, lakini hilo ndilo lililomleta barazani.

Kumbe! Mimi nangoja jembe, yeye anangoja neno, na hakuna anayeweza kumuuliza mwenzake kwa sababu ya mwiko ule ule tunaotaka kuufungua. Mtu mmoja nyuma akaanza kucheka, kisha wawili, kisha baraza zima, na Mzee Abrahamu mwenyewe akaficha uso ndani ya kola ya koti. Nilimwambia hakimu amwambie mdai kwamba neno ninalituma sasa hivi, na kama anataka nitalituma tena kwa sauti zaidi.

Mtu alitumwa mbio mpaka Ramadhani, na jembe likaletwa na Ema mwenyewe, Priska mgongoni, Manase anakimbia nyuma yake. Bwana Silvesta alikuwa ameanza kukusanya vitu vyake aondoke, hakimu akamwambia akae, ofisi yake imeshinda na inapaswa kushuhudia imeshinda nini. Kwa kuwa mshenga wa Baba Manase alikwisha hamia Songea, Mzee Abrahamu alishuka kutoka kwenye kiti chake, akalipokea jembe kwa mkono wake wa kuume, akaja akanikabidhi. Lilikuwa bado na mafuta ya dukani. Vigelegele vya akina mama vilisikika mpaka sokoni, na nadhani kabichi kadhaa zilipotea siku ile.

Kutoka pale tulikwenda dispensari. Chumba cha dawa kilikuwa kimefungwa, Baba Manase akakifungua. Alinikalisha kwenye kiti, akapiga magoti, akaanza kukifungua kitambaa kwa maji ya moto kidogo kidogo, mahali kiliposhikana na nyama. Hakuna mtu aliyekuwa ameushika mguu wangu tangu mume wangu afariki. Ema alisimama mlangoni analia na kunigombeza kwa wakati mmoja. Nami nilimtazama mkwe wangu usoni kwa mara ya kwanza, bila haraka. Paji la uso pana, nywele zimeanza kurudi nyuma, na alipotabasamu, mwanya. Nilimwambia sikujua kama ana mwanya. Akasema yeye naye hakujua kama nina vishimo mashavuni, na kwamba Priska kumbe hakuviokota njiani.

Aliniuliza kwa nini nilificha kidonda. Nikamwambia ukweli, kwamba nilijua kingempa ushindi. Akaendelea kuosha. Halafu akasema nimenyimwa hotuba yangu barazani, na kwamba hilo halikuwa haki.

"Iseme sasa, Mama," akasema. "Mimi nasikiliza."

Hajawahi mtu kuniita mama isipokuwa Ema na wateja. Nilifungua mdomo nianze. Nikamtafuta Mungu, nikamtafuta marehemu, nikalitafuta lile neno zuri la mwisho ambalo Enoki alilipigia honi. Hakuna hata kimoja kilichokuja.

"Nimechoka kupika chungu cha mtu mmoja," nikasema.

Aliinamisha kichwa juu ya mguu wangu, akanifunga kitambaa kipya taratibu. Kisha akasimama, akachemsha sindano, akavuta dawa ndani yake, akaniambia nigeuke na nisijikaze. Nilijikaza. Nilikuwa nimejikaza tangu mavuno, sasa nitaachaje kwa kuambiwa tu? Na ile sindano iliponiingia, nilisahau adabu zote, nikasahau kwamba jembe lina saa moja tu mkononi mwangu, nikaita kwa nguvu jina nililolimeza miaka yote.

"Nahumu!"

Naye, bila kuinua macho kutoka kwenye kazi yake, akaitika, "Naam, Mama."